Kwa nini Agnes Moorehead hakuwahi kuwa steringi

Mwaka 1942 Agnes Moorehead aliigiza shangazi ambaye hakuolewa, na kwa kazi hiyo moja akapewa vyeo viwili. Wahakiki wa filamu wa New York walimchagua kuwa mwigizaji bora wa kike wa mwaka. Kwenye Oscar, huko Los Angeles, aliwekwa katika fungu la waigizaji wasaidizi, na humo akashindwa na Teresa Wright. Filamu ni ileile, The Magnificent Ambersons. Machozi ni yaleyale.

Hakuna upande uliokosea. Wahakiki wa New York hawakuwa na fungu la wasaidizi wakati huo, kwa hiyo walikuwa na swali moja tu la kujibu: nani ameigiza vizuri kuliko wengine? Oscar ilikuwa imeanzisha fungu la wasaidizi kwa filamu za mwaka 1936, hivyo kabla ya kufika kwenye swali hilo ilibidi kwanza iulize: huyu ana nafasi gani kwenye filamu? Swali la kwanza linahusu kipaji. La pili linahusu mkataba, bango la ukutani, na ukubwa wa herufi za jina. Maswali haya mawili yamechanganywa kwa muda mrefu hata watu wakadhani kwamba mwigizaji msaidizi ni mtu aliyejaribu kuwa nyota akaishia njiani.

Kwetu jambo hili lina lugha yake. Aliyekulia kwenye mabanda ya video anajua kwamba filamu ina steringi, ina adui, halafu ina watu. Steringi hafi. Akipigwa risasi mapema mnatulia tu, maana mnajua ataamka. Hao "watu" ndio wanaokufa, wanaoleta habari, wanaofungua mlango. Lakini tukitoka bandani usiku, njia nzima kinachoigizwa ni mwendo wa yule mzee mlevi aliyetokea mara mbili, au sauti ya yule mama mkali wa nyumba ya wageni. Moorehead alikuwa mmoja wa watu hao kwa miaka zaidi ya 30, na kazi yake ni mlango mzuri wa kuingilia katika biashara yote ya filamu na televisheni ya Marekani ya katikati ya karne iliyopita.

Tuanze na kiwanda chenyewe. Katika miaka ya 1930 na 1940 studio tano kubwa, yaani MGM, Paramount, Warner Bros., 20th Century-Fox na RKO, zilitengeneza filamu, zikazisambaza, na zikamiliki majumba ya sinema ya kuzionyeshea. Ni kama mtu mwenye shamba, lori na duka. Mwigizaji alifungwa kwa mkataba uliofika hadi miaka 7. Studio ilikuwa na hiari ya kumwacha kila kipindi kilipokwisha. Yeye hakuwa na hiari ya kuondoka. Akikataa filamu aliyopangiwa alisimamishwa bila mshahara, na siku hizo za kusimamishwa ziliongezwa mwishoni mwa mkataba, mpaka Olivia de Havilland alipoipeleka Warner Bros. mahakamani na mahakama ya California ikaamua mwaka 1944 kwamba miaka 7 ni miaka 7 ya kalenda, basi.

Ndani ya kiwanda hicho nyota na msaidizi walifanya kazi mbili zisizofanana. Nyota alikuwa bidhaa. Watu walikata tiketi kwa ajili ya uso wake, kwa hiyo uso huo ulilindwa: usizeeke, usitukanwe, usipewe tabia ambayo watazamaji wangeichukia. Filamu mbili zikianguka mfululizo, lawama ilikuwa yake. Msaidizi alikuwa fundi. Alilipwa kwa wiki, akafanya kazi yake kwa siku au wiki chache, akahamia filamu nyingine. Angeweza kutokea kwenye filamu tatu au nne kwa mwaka bila mtazamaji kumchoka, na filamu ikianguka hakuna aliyemtafuta. Studio pia ziliazimana waigizaji: yenye mkataba ilimtoa kwa studio nyingine kwa bei ya juu kuliko mshahara wake, na tofauti ikabaki mfukoni mwa mwenye mali. Kwa macho ya leo ni ukupe. Kwa msaidizi ilikuwa pia njia ya kupata nafasi ambazo studio yake isingempa kamwe.

Moorehead alipoingia mkataba na MGM miaka ya 1940 alidai kifungu ambacho wengi hawakukipata: ruhusa ya kuendelea na redio. Nitarudi kwenye redio, kwa sababu bila redio mtu huyu haeleweki.

Alizaliwa tarehe 6 Desemba 1900 huko Clinton, Massachusetts, binti wa mchungaji wa Kipresbiteri, akakulia St. Louis. Alisoma Chuo cha Muskingum, Ohio, akafundisha shule, kisha akaenda New York na kuhitimu American Academy of Dramatic Arts mwaka 1929, mwaka uleule soko la hisa la Wall Street lilipoporomoka na kumbi za maonyesho zikaanza kufungwa. Redio ndiyo iliyomlisha. Mwaka 1937 na 1938 alikuwa Margo Lane katika mchezo wa The Shadow, na mwenzake kwenye maikrofoni alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu aliyeitwa Orson Welles. Kijana huyo alipoanzisha kundi lake la Mercury Theatre alimchukua, na lilipohamia Hollywood akamchukua tena.

Kwa muda mrefu alijitambulisha kuwa amezaliwa 1906. Sioni aibu yoyote hapo. Mwanamke aliyeingia kwenye filamu akiwa na karibu miaka 40 alikuwa anaingia mlango ambao wengine walikuwa wanatolewa.

Filamu yake ya kwanza ni Citizen Kane ya mwaka 1941. Anacheza mama yake Charles Foster Kane, na mhusika mkuu ukubwani ni Welles mwenyewe, aliyekuwa na miaka 25. Anaonekana kwa dakika chache tu. Tuko ndani ya nyumba ya mbao huko Colorado. Mama ameketi mezani, mbele yake karatasi za benki. Nyuma kabisa, kupitia dirishani, mtoto anacheza kwenye theluji na hajui kwamba anagawiwa. Mpiga picha Gregg Toland alihakikisha kila kitu kinaonekana wazi, cha karibu na cha mbali, kwa hiyo macho yako yanamwona mama akitia sahihi na mtoto akirusha theluji kwa wakati mmoja. Baba analalamika. Mama hajibizani naye. Anaeleza tu kwamba sanduku la mtoto limeshafungwa tangu wiki iliyopita.

Sanduku lililofungwa wiki nzima: hapo ndipo nilipoelewa kazi ya msaidizi ni nini. Moorehead hakulia, hakupandisha sauti. Alituonyesha mtu ambaye kilio chake kilikwisha wiki moja kabla kamera haijafika. Filamu inaendelea kwa zaidi ya saa moja na nusu baada ya hapo, na kila jambo la ajabu analofanya Kane, sanamu anazonunua, wanawake anaowapoteza, linarudi kwenye dirisha lile. Welles anabeba filamu. Moorehead ameiwekea msingi, na msingi hauonekani nyumba ikishapakwa rangi.

Mwaka uliofuata ikaja Ambersons. Fanny Minafer ni shangazi anayeishi kwenye nyumba ya watu wengine, anampenda kwa siri Eugene Morgan, na Eugene anampenda mjane wa kaka yake Fanny. Kwa Kiswahili tungesema Fanny amekaa nyumbani, na uzito wote wa maneno hayo mnaujua. Kuna mandhari ya jikoni ambayo kamera karibu haisogei. Kijana George, aliyechezwa na Tim Holt, anabugia keki ya stroberi. Shangazi amekaa karibu anamhimiza ale taratibu, na katikati ya habari za keki anachomeka swali dogo kuhusu Eugene, kama vile halina maana. Mjomba anaingia, wanamtania kuhusu huyohuyo Eugene, na ghafla anavunjika, analia, anakimbia. Mezani wanabaki wanaume wawili wasiojua wafanye nini na mikono yao.

Baadaye, fedha zikiwa zimekwisha, Fanny anaanguka sakafuni na kuegemea tangi la maji ya moto la nyumba. George anamkemea asikae hapo, ataungua. Anajibu kwa kicheko cha mtu aliyefika ukingoni kwamba tangi halina moto, ni baridi, na hata kama lingekuwa na moto asingejali. Nimeitazama mara nyingi na bado sijazoea sauti ile. Ni ya mtu mzima anayesikia mwenyewe jinsi anavyochekesha na hawezi kujizuia.

Na kweli watu walicheka. RKO ilipoijaribu filamu mbele ya watazamaji huko Pomona, California, tarehe 17 Machi 1942, sehemu ya ukumbi iliangua kicheko pale pale ambapo Fanny anateseka. Marekani ilikuwa imeingia vitani miezi mitatu kabla. Umati ulikuja kutafuta burudani ukakutana na shangazi anayelia. Welles, mwongozaji wa filamu hiyo, alikuwa Brazili akipiga picha filamu nyingine. Studio ikachukua mkasi. Filamu iliyokuwa na zaidi ya saa mbili ikatoka na dakika 88, mwisho wake ukapigwa upya na watu wengine, na sehemu kubwa ya kilichoondolewa ilikuwa kazi ya Moorehead. Kilichosalia ndicho kilichompa tuzo ya New York. Hapo unaona udhaifu wa nafasi ya pembeni: mhariri anayetafuta dakika za kutupa haanzi na nyota.

Sasa redio. Tarehe 25 Mei 1943 kipindi cha Suspense kilirusha mchezo wa Lucille Fletcher uitwao Sorry, Wrong Number. Mwanamke mgonjwa yuko kitandani peke yake, simu zinapishana, anasikia wanaume wawili wakipanga mauaji, na kwa nusu saa anahangaika na waendesha mitambo ya simu wasiomwamini. Ni Moorehead na sauti yake tu. Anaanza kama tajiri msumbufu ambaye huwezi kumhurumia, na taratibu, bila wewe kujua dakika gani imetokea, unajikuta unashika kiti. Wasikilizaji waliutaka tena na tena, naye akaurudia mara kadhaa katika miaka iliyofuata. Leo umehifadhiwa katika orodha ya taifa ya rekodi za sauti ya Maktaba ya Bunge la Marekani.

Paramount ilipoutengeneza kuwa filamu mwaka 1948, nafasi ile alipewa Barbara Stanwyck.

Mtu akisikia hilo hukimbilia kusema ni dhuluma. Hesabu ya studio ilikuwa nyingine. Tiketi hazikatwi kwa sauti. Redio ilimfanya Moorehead ajulikane kwa mamilioni ambao wasingemtambua sokoni, wakati Stanwyck alikuwa na uso ambao ulishauza filamu nyingi. Kinachonivutia ni jinsi mwaka ule ulivyomalizika. Stanwyck aliteuliwa kugombea Oscar ya mwigizaji bora wa kike kwa nafasi iliyojengwa na Moorehead. Moorehead naye aliteuliwa mwaka huohuo kama msaidizi, kwa Johnny Belinda ya Warner Bros., akicheza shangazi mkavu wa kijijini huko Nova Scotia ambaye anaanza kwa kumdharau mpwa wake asiyesikia wala kusema, kisha anageuka ngao yake. Usiku wa tuzo, Machi 1949, Stanwyck alishindwa na Jane Wyman, na Wyman ndiye aliyecheza mpwa huyo. Moorehead naye alishindwa, na Claire Trevor. Yaani yule aliyechukua nafasi yake aliangushwa na yule aliyemsaidia. Mwandishi wa tamthilia angeambiwa apunguze chumvi.

Kuhusu Oscar yenyewe kuna mambo mawili ambayo watu huyasahau. La kwanza, wasaidizi wa mwanzo hawakupewa sanamu. Walipewa ubao wenye kijisanamu kidogo, na sanamu kamili ilianza kwa filamu za mwaka 1943. La pili, mpaka kati ya mkuu na msaidizi ulikuwa mlegevu kiasi kwamba kwa filamu za 1944 Barry Fitzgerald aliteuliwa katika mafungu yote mawili kwa nafasi ileile, ndani ya Going My Way. Alishinda kama msaidizi, kanuni ikabadilishwa ili kituko hicho kisirudi, lakini kubishana kuhusu nani awekwe wapi hakujaisha hadi leo.

Na kwa wengine fungu hilo lilikuwa dari. Hattie McDaniel alikuwa Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda Oscar, Februari 1940, kwa nafasi ya mtumishi katika Gone with the Wind, na usiku ule aliketishwa meza ya peke yake, mbali na wenzake wa filamu ileile. Moorehead aliweza angalau kuchezea daraja zote: tajiri, maskini, mwendawazimu, malkia. McDaniel alirudishiwa aproni. Juanita Moore aliteuliwa kwa Imitation of Life ya 1959 na simu ya kazi ikabaki kimya. Nikisema nafasi ya pembeni ni ufundi unaojitegemea, ninajua kwamba kwa wanawake hawa ilikuwa pia ukuta uliojengwa na mtu mwingine, na kipaji hakikuwa na nyundo ya kuuvunja.

Turudi kwa Moorehead na umri, maana hapa ndipo pembeni palipomlipa. Mwigizaji mkuu wa kike akifika miaka 40 alianza kukosa nafasi. Wanaume wa umri wake waliendelea kuozeshwa mabinti kwenye filamu. Moorehead hakuwahi kuuza ujana, kwa hiyo hakuwa na cha kupoteza. Mwaka 1947, katika The Lost Moment, alicheza bibi wa miaka 105 huku yeye akiwa na 46. Katika The Conqueror ya 1956 alikuwa mama yake John Wayne, aliyejifanya Genghis Khan, ilhali amempita Wayne kwa miaka 6 na miezi kadhaa. Filamu hiyo ni mbaya kiasi cha kuchekesha, ila habari yake nyingine haichekeshi. Ilipigwa mwaka 1954 karibu na St. George, Utah, upande ambao upepo uliwahi kupeleka vumbi la majaribio ya nyuklia ya Nevada ya mwaka 1953. Kufikia 1980 jarida la People lilihesabu watu 91 waliougua saratani kati ya takriban 220 waliofanya kazi pale, Moorehead akiwemo. Hesabu hiyo haithibitishi chanzo, kwa kuwa saratani ni ugonjwa wa wengi na wengi wao walivuta sigara, Wayne akiwa mvutaji mkubwa. Lakini kuiondoa akilini ni vigumu.

Wakati huohuo kiwanda kilikuwa kinabomoka. Mei 1948 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi dhidi ya Paramount na wenzake, na studio zikalazimika kuachana na majumba ya sinema. Lori na shamba vikabaki, duka likaondoka. Bila uhakika wa mahali pa kuonyeshea, hakukuwa na sababu ya kuweka mamia ya waigizaji kwenye mishahara ya wiki. Na televisheni ilikuwa imepiga hodi: mwaka 1950 ilikuwa ndani ya nyumba zisizofika 10 katika kila 100, na miaka 10 baadaye ilikaribia 90.

Nyota waliiogopa televisheni. Uso unaoonekana bure sebuleni kila wiki nani ataulipia? Wasaidizi hawakuwa na hofu hiyo, nao ndio waliojaza visanduku vile. Moorehead alikuwa na silaha ya ziada, mafunzo ya redio: kushika maneno haraka, kujenga mtu kamili kwa nusu saa, kutosubiri mwanga mzuri. Ndiyo maana naona fahari ya pekee katika kile alichofanya Januari 1961 kwenye The Twilight Zone, kipindi kilichoitwa The Invaders. Mwanamke anaishi peke yake kwenye nyumba chakavu ya shamba, kinatua chombo kidogo darini, na viumbe wafupi wanaanza kumshambulia. Moorehead hasemi neno hata moja. Anaguna, anahema, anatambaa, anashambuliwa kwa kisu chake mwenyewe cha jikoni. Yule aliyetikisa nchi kwa sauti bila uso, sasa ananyang'anywa sauti na anabakiwa na mwili. Sitaeleza mwisho wake kwa ambaye hajaona.

Fedha za televisheni nazo zina fundo lake. Filamu za zamani zilipoanza kurushwa sebuleni, studio zililipwa na waigizaji hawakulipwa. Chama cha waigizaji, rais wake akiwa Ronald Reagan, kiligoma Machi na Aprili 1960. Walichopata ni malipo ya marudio kwa filamu zitakazotengenezwa kuanzia mwaka huo, pamoja na dola milioni 2.25 za kuanzisha mfuko wa pensheni na matibabu. Filamu za nyuma zikasamehewa. Weka hilo kando ya orodha ya Moorehead: Kane, Ambersons, Johnny Belinda, Show Boat, All That Heaven Allows. Zote za kabla ya 1960. Zimeonyeshwa usiku na mchana kwa miaka, na marudio hayo hayakumwongezea mshahara. Kwa tamthilia za televisheni hali ilikuwa nafuu kidogo: marudio yalilipwa, lakini kwa idadi yenye kikomo, na kikomo hicho kiliondolewa kwa mkataba wa mwaka 1974.

Hivyo mwaka 1964 alipoitwa kucheza Endora, mama mkwe mchawi, kwenye Bewitched ya kituo cha televisheni cha ABC, alikuwa na miaka 63 na alijua vizuri anachouza. Akakubali kwa sharti la kutokea katika vipindi 8 tu kati ya kila 12, ili nafasi nyingine zisimpite. Tamthilia hiyo ilianza Septemba 1964, msimu wa kwanza ikashika nafasi ya pili kwa watazamaji nchi nzima, ikaenda hadi 1972 kwa vipindi 254. Endora anavaa majoho ya zambarau, anatokea juu ya kabati, anaingia chumbani kwa binti yake na mumewe bila hodi, na kwa miaka minane anakataa kulitamka jina la mkwewe sawasawa. Msomaji aliyelelewa kwenye desturi ambayo mkwe na mama mkwe hukwepana njiani atashtuka kabla hajacheka. Ndiyo siri ya kichekesho chenyewe: Moorehead anamcheza kama malkia wa msiba wa Kigiriki aliyepotea njia akaingia sebule ya mfanyakazi wa matangazo, na hampunguzii hadhi hata tone.

Mwaka 1969 Dick York, aliyecheza mume, aliugua mgongo akaondoka, akaletwa Dick Sargent kucheza mtu yuleyule. Steringi wa kiume akabadilishwa kama balbu. Mama mkwe akabaki.

Tuzo zikaendelea kumfanyia vituko. Aliteuliwa mara 6 kwenye Emmy, tuzo za televisheni, kwa Endora, hakushinda hata moja. Mwaka 1966 ilikwenda kwa Alice Pearce, jirani mdaku wa Bewitched hiyohiyo, aliyekuwa amefariki miezi miwili kabla. Mwaka 1968 ilikwenda kwa Marion Lorne, shangazi Clara wa tamthilia hiyohiyo, naye akiwa amefariki siku chache kabla. Emmy yake pekee, mwaka 1967, aliipata kwa kipindi kimoja cha The Wild Wild West, alikopita kama mgeni. Kwenye filamu, uteuzi wake wa nne na wa mwisho wa Oscar ulikuja kwa Hush... Hush, Sweet Charlotte ya 1964, akiwa mtumishi mwaminifu, mchafu na mwenye kisirani wa nyumba ya Bette Davis. Mimi nadhani humo alipiga kelele kupita kiasi, lakini wapigakura walipenda. Davis, nyota mkubwa kuliko wote wa kizazi chake, hakuteuliwa, na miaka miwili kabla alikuwa ameweka tangazo la kutafuta kazi kwenye gazeti la biashara ya filamu, nusu utani, nusu kweli. Wakati huo Moorehead alikuwa na kazi.

Aliugua akiwa kwenye mchezo wa jukwaani wa Gigi huko Broadway, akafariki tarehe 30 Aprili 1974, Rochester, Minnesota.

Vipande vilivyokatwa kwenye Ambersons viliteketezwa na RKO ili kupata nafasi ghalani. Lakini nakala moja ndefu ilikuwa imetumwa kwa Welles Rio de Janeiro, na watu wamekwenda Brazili kuitafuta mpaka miaka hii ya karibuni, wakipekua maghala na kuuliza wazee. Katika mwisho ule wa asili, Eugene anakwenda kumwona Fanny kwenye nyumba ya kupanga. Mwanamume amesimama anasimulia. Santuri ya vichekesho inazunguka chumbani. Fanny yuko kwenye kiti cha bembea, na kiti kinalia.